Mkopo wa milioni 6, malipo ya milioni 22: kisa cha nyumba moja Syokimau

Wenyewe wamenikubalia niandike bora nisitaje majina wala benki, kwa hivyo tuseme tu ni mke na mume, mama ni muuguzi hospitali ya serikali, mume ni mhandisi wa kaunti na mimi namuita shemeji kwa sababu mama tumejuana tangu chuo. Mwezi wa tatu 2021 walinunua nyumba ya ghorofa Syokimau, nje kidogo ya Nairobi, vyumba vitatu, bei shilingi milioni 7.5. Dipoziti walitoa 1.5, karibu nusu yake wakaitoa sako, na benki ikaweka milioni 6 zilizobaki, miaka 20, riba 12.5% inayobadilika. Shemeji alikuwa na miaka 34 kwa hivyo hesabu ilikuwa anamaliza deni akiwa 54, bado yuko kazini, safi kabisa.

Pale benki waliuliza kile karibu kila mtu anauliza, kwa mwezi tutalipa ngapi? Wakaambiwa 68,168. Wakaangalia mishahara yao miwili wakaona inaingia, wakatia sahihi.

Ukizidisha hiyo mara 240 unapata milioni 16.36, yaani milioni 6 za deni na zaidi ya milioni 10 za riba. Watu wengi wakionyeshwa hii hesabu wanashika kichwa na kuanza kutukana benki, mi siendi huko moja kwa moja, manake shilingi ya 2041 si shilingi ya leo. Bei za vitu zikipanda kwa 6% kila mwaka, hiyo milioni 16 ukiirudisha kwa pesa ya 2021 inakuwa kama 9.5. Bado ni ghali ila si wizi wa mchana. Gharama iliyowaumiza hawa watu haikuwa kwenye hesabu ya siku ya kwanza, ilikuja baadaye, ikaja na sura ya msaada.

Kwanza nimalize za mwanzo haraka. Kabla hawajapewa funguo walishalipa ushuru wa stempu 4% kwa sababu Syokimau inahesabiwa mjini (ingekuwa shamba kijijini ni 2%), hiyo ni 300,000. Wakili wao, na wakili wa benki ambaye pia wanamlipa wao, 190,000. Mthamini 25,000, benki ikakata 1% ya mkopo kama ada ya kuandaa, 60,000, na ushuru wa stempu wa kuweka nyumba rehani 6,000. Jumla 581,000, juu ya dipoziti. Afu kuna bima ya maisha na ya moto kila mwaka, na pesa za usimamizi wa jengo 4,500 kila mwezi za walinzi, lifti na takataka, ambazo kwa miaka 20 peke yake zinapita milioni moja hata zisipopanda, na zitapanda. Hizi zinajulikana, zinauma, unalipa unasonga.

Sasa tuje kwenye deni lenyewe. Malipo ya kwanza, 68,168, riba ilikula 62,500 na deni likapungua 5,668. Hiyo si hila ya benki, ni hesabu tu, 12.5% ya milioni 6 ukigawanya kwa miezi 12 ni 62,500 na lazima ilipwe kwanza kabla deni halijaguswa. Nyumba kama yao kwenye jengo hilohilo ilikuwa inapangishwa 35,000. Yaani riba pekee ya mwezi ilikuwa karibu mara mbili ya kodi. Sisemi wangepanga, mama alikuwa amechoka kuhamahama na watoto na hiyo hakuna karatasi ya kuipigia hesabu, nasema tu ukiambiwa "badala ya kumlipa landilodi lipia chako" ujue miaka ya mwanzo landilodi wako ni benki na kodi yake ni kubwa kuliko ya yule wa kwanza.

Baada ya miaka miwili walikuwa wamelipa 1,636,042. Deni lilikuwa limeshuka kwa 153,654. Shemeji alipoona taarifa ya mkopo alidhani mashine imekosea.

Na hapohapo kuna kitu kilikuwa kinawapita. Kenya mtu akikopa kununua nyumba anayoishi mwenyewe, KRA, mamlaka ya kodi, inakubali riba yake ipunguzwe kwenye mapato kabla ya kukatwa kodi, kikomo kilikuwa 300,000 kwa mwaka, na tangu mwisho wa Disemba 2024 ni 360,000. Shemeji mshahara wake unaangukia kodi ya 30%, kwa hivyo hiyo 300,000 ilikuwa ni 90,000 kwa mwaka inabaki mfukoni. Kinachotakiwa ni cheti cha riba kutoka benki upeleke kwa watu wa mishahara kazini, ama uweke kwenye ritani, ile fomu ya kodi ya kila mwaka. Hakuna aliyewaambia, miaka miwili ikapita, 180,000. Ilinganishe na ile 153,654 hapo juu: kodi waliyolipa bila lazima ilikuwa kubwa kuliko deni walilopunguza miaka miwili yote. Baadaye walirudi kurekebisha ritani kwenye iTax, mfumo wa KRA wa mtandaoni, na kama unaijua KRA unajua pesa kurudi ni safari ingine.

Sasa riba. Ile 12.5% ilikuwa inayobadilika, na walipoisaini Benki Kuu ilikuwa imeweka riba yake ya msingi 7% na ikakaa hapo muda, watu wakazoea. Kati ya 2016 na 2019 tulikuwa hata na sheria ya kubana riba, benki haziruhusiwi kupita 4% juu ya ile ya Benki Kuu, nadhani ndo maana wengi wetu tulisahau riba inaweza kupaa. Sheria ilifutwa Novemba 2019. Mei 2022 Benki Kuu ikaanza kupandisha, 7.5, 8.25, 8.75, Machi 2023 ikafika 9.5, Juni 10.5, Disemba 12.5 na Februari 2024 ikagonga 13%.

Barua ya kwanza ilifika Machi 2023. Sheria ya Ardhi inataka benki impe mwenye rehani notisi ya maandishi siku 30 kabla riba haijabadilika na hiyo waliifuata vizuri tu. Riba kuanzia Aprili inakuwa 14%. Chini yake kulikuwa na machaguo mawili, kubaki na tarehe ileile ya kumaliza na kulipa 74,271 kwa mwezi, ama kurefusha mkopo uwe wa miaka 25 tangu mwanzo na kulipa 71,102.

Hapa ndo naomba tukae kidogo, kwa sababu kisa chote kiko hapa.

Kulipa ileile 68,168 haikuwezekana tena. Deni lilikuwa 5,846,346 na 14% yake kwa mwezi ni 68,207, yaani malipo yao ya zamani yangepungukiwa riba kwa shilingi 39 na deni lingekaa hapo mpaka kiama, tena likiongezeka kidogokidogo. Kwa hivyo ilikuwa lazima kitu kisogee. Na afisa wa mikopo alipopiga simu alisema, kwa upole kabisa, "Mama, hii ya miaka 25 ndiyo itawapumzisha." Mwaka ule makato ya NSSF, akiba ya uzeeni, yalikuwa yamepanda Februari, makato ya nyumba ya 1.5% (serikali inakata mishahara kujenga nyumba nafuu) yalikuwa yananukia na yakaja Julai, unga na mafuta nayo usiseme. Wakachagua 71,102.

Tofauti ya hayo machaguo mawili kwa mwezi ni 3,169. Hiyo ndo pumziko waliyopewa, pesa ya mitungi miwili ya gesi ya jikoni hivi. Na bei yake: 74,271 kwa miezi 216 iliyokuwa imebaki ni milioni 16.04, halafu 71,102 kwa miezi 276 ni milioni 19.62. Milioni 3.58 zaidi. Wamenunua nafuu ya 3,169 kwa milioni tatu na nusu, na tarehe ya kumaliza ikatoka 2041 ikaenda 2046, shemeji akiwa 59, mwaka mmoja kabla ya kustaafu.

Kwa nini nafuu ni ndogo hivyo na bei ni kubwa hivyo? Kwa sababu mkopo ukiwa mrefu na riba juu, karibu malipo yote ni riba, na riba haijali utamaliza lini, inajali deni ni kiasi gani leo. Ukirefusha unachopunguza ni kile kipande kidogo kinachogusa deni, sasa hicho kwao kilikuwa elfu sita hivi, kikashuka hadi 2,894. Hata wangerefusha miaka 100 malipo hayangeshuka chini ya 68,207. Mtu anayerefusha kutoka miaka 5 kwenda 10 anapata nafuu ya kweli, anayerefusha kutoka 20 kwenda 25 kwa 14% hapati karibu kitu, anapata miaka tu.

Na barua haikudanganya popote. Ilikuwa na riba mpya, malipo mapya, miezi mipya. Ilichokosa ni mstari mmoja tu wa jumla ya kila chaguo, na mi naona benki inayoweza kutuma meseji tano kwa siku za kukuuzia kadi haishindwi kuweka mstari mmoja.

Mwaka uliofuata ikaja ya pili: Aprili 2024, 16.5%. Safari hii hakukuwa na cha kurefusha, malipo yakawa 82,110. Kwa miaka mitatu walikuwa wamelipa karibu milioni 2.49 na deni bado lilikuwa 5,809,297. Makato ya nyumba yaliyokuwa yamesimamishwa na mahakama yalirudi Machi, Oktoba ikaja SHIF, bima ya afya ya serikali, 2.75% ya mshahara wote, yaani kinachoingia kinapungua na kinachotoka kinapanda mwaka huohuo. Waliuza gari. Mama akaanza zamu za ziada hospitali moja ya binafsi wikendi. Kuna mwezi walikopa sako kulipa benki, na hiyo wenyewe waliniambia wakicheka ile kicheko ya mtu hataki kuongea zaidi.

Kuna watu waliwaambia wakati huo wasiwe na wasiwasi, eti sheria ya Kenya hairuhusu benki kuchukua riba inayopita deni lenyewe. Nimeisikia hii sana. Kanuni iko, kifungu cha 44A cha Sheria ya Benki, ila inaanza kufanya kazi pale mkopo umeshakuwa mbovu, umeacha kulipwa. Ukiwa unalipa vizuri kila mwezi kama hawa, riba inaweza kufika mara mbili au tatu ya deni na hakuna sheria iliyovunjwa.

Wengine wakauliza kwa nini hawakuchukua ile mikopo nafuu inayopitia KMRC, kampuni inayozipa benki na sako pesa za kukopesha wanaonunua nyumba, riba isiyobadilika chini ya 10%. Swali zuri. Walipokuwa wanatafuta, kikomo chake eneo la Nairobi na majirani kilikuwa milioni 4, wao walitaka 6. Kikomo kilipandishwa hadi 8 mwaka 2022, washaingia kwingine. Kwa 9.5% malipo yao yangekuwa 55,928 na yasingesogea. Anayenunua leo aanze kuuliza hapo kwanza kabla hajapenda jikoni ya nyumba yoyote.

Mimi niliingia kwenye hii stori mwanzoni mwa 2025. Benki Kuu ilikuwa imeanza kushusha tangu Agosti 2024, gavana Kamau Thugge analalamika hadharani kwamba benki hazifuati, na mama akaandika barua ya kudai riba yao ishuke. Ikashuka, kuanzia Aprili 2025, 14.5%. Malipo mapya: 73,405. Mama akanitumia picha ya barua na emoji za kucheza, shemeji akiwa tayari anaangalia gari.

Nikawaomba kabla ya gari tuketi na Excel kidogo. Deni lilikuwa 5,780,394, miezi 252 imebaki. Wakilipa 73,405 kama barua ilivyosema, watalipa milioni 18.5 kutoka hapo, na ukijumlisha na karibu milioni 3.47 walizokwisha kulipa, ule mkopo wa milioni 6 unawatoka milioni 22. Nikabadilisha seli moja tu, badala ya 73,405 nikaweka 82,110, ile walikuwa wameshaizoea kwa mwaka mzima. Miezi ikatoka 252 ikawa 159. Yaani badala ya Machi 2046 wanamaliza Juni 2038. Jumla ya kulipa kutoka hapo milioni 13, na ukiweka zile za nyuma inakuwa kama milioni 16.47.

Shemeji aliuliza mara mbili kama nimekosea formula. Elfu nane na mia saba kwa mwezi inakata karibu miaka minane na milioni 5.5? Ndiyo, na ni hesabu ileile ya barua ya 2023, imegeuzwa tu. Kwa 73,405, kinachogusa deni ni 3,558, iliyobaki ni riba. Kwa 82,110 kinachogusa deni ni 12,263. Malipo umeongeza kwa 12%, kasi ya kuua deni umeizidisha zaidi ya mara tatu. Na angalia tena hiyo milioni 16.47, iko karibu kabisa na ile 16.36 ya siku ya kwanza. Riba ilipanda mpaka 16.5, walirefusha mkopo, walipitia hayo yote, na bado jumla inaweza kurudi pale ilipoanzia, ila kwa masharti kwamba malipo yasishuke riba inaposhuka.

Utekelezaji nao ulikuwa na vituko. Mwezi wa kwanza walituma 82,110 wakadhani basi. Taarifa ilipotoka, kulikuwa na mstari unasema malipo ya mkopo 73,405 na chini yake 8,705 imeandikwa kama malipo ya mapema ya mwezi unaofuata. Pesa imekaa tu pale inasubiri Mei, deni halijaguswa hata shilingi. Mfumo wa benki haujui nia yako. Ilibidi waandike barua, si simu, barua, wakasema wazi kwamba ziada yoyote iende kupunguza deni lenyewe, malipo ya mwezi yabaki vilevile na kinachopungua kiwe muda. Hayo maneno matatu yote yawepo, kwa sababu benki zingine ukisema tu "punguza deni" zinapiga hesabu upya na kukushushia malipo huku muda unabaki 2046. Wakaangalia pia mkataba kama kuna faini ya kulipa mapema. Wa kwao ulikuwa na notisi tu, bila faini. Wako watu ambao mikataba yao ina asilimia fulani hapo, kwa hivyo soma kabla hujaanza kutuma.

Tangu hapo riba ya Benki Kuu imeendelea kushuka, ikafika 9% Disemba 2025. Na utaratibu wa kupanga riba umebadilika, mikopo ya riba inayobadilika inafungwa kwenye KESONIA, ambayo ni wastani wa riba ambayo benki zinakopeshana kwa usiku mmoja, halafu benki inajumlisha premiamu, yaani asilimia yake yenyewe, juu. Kwa hawa wawili cha kuangalia ni hiyo premiamu itaandikwa ngapi, kwa sababu KESONIA ni moja kwa wote ila premiamu ni yako wewe na benki yako, na inaweza kujadiliwa ukiwa umelipa miaka mitano bila kukosa.

Kitu kimoja bado wanabishania. Nafuu ya kodi sasa ni 360,000 kwa mwaka, kwa 30% ni 9,000 kila mwezi inayobaki kwenye mshahara wa shemeji. Mama anataka nayo iingie kwenye mkopo. Nimempigia: 91,110 kwa mwezi tangu pale Aprili 2025 ingekuwa miezi 122, wamalize 2035, milioni 2 nyingine karibu zinabaki kwao. Shemeji anasema kifungua mimba wao ni wa lile kundi la kwanza la Gredi ya 10, mwanzo wa sekondari ya juu kwa mtaala mpya, ameingia Januari 2026, karo na sare na nauli haziwezi kulipwa na Excel. Kwa hesabu mama yuko sawa, kwa Januari shemeji yuko sawa, na mara ya mwisho nimeongea nao walikuwa wamekubaliana kwamba 82,110 haiguswi hata iweje, ile 9,000 wataamua muhula kwa muhula.